Bima ya meli ya kitalii: angalia haya kabla hujalipa

Unapanda meli Miami kwenda Karibea? Usitegemee bima yako ya afya ya nyumbani. Medicare, kwa mfano (bima ya afya ya serikali ya Marekani, hasa kwa wazee), hailipi matibabu ya melini ikiwa meli iko zaidi ya saa 6 kutoka bandari ya Marekani. Zahanati ya meli hukuandikia bili kwenye akaunti ya chumba chako: unalipa kwanza, unadai baadaye. Usishuke bila risiti yenye mchanganuo na ripoti ya daktari.

Kwenye mkataba, anza na kiwango cha kumsafirisha mgonjwa. Kutolewa baharini na kupelekwa hospitali kwa ndege kunaweza kufika makumi ya maelfu ya dola, wakati mwingine hata mamia ya maelfu, kwa hiyo dola 250,000 si nyingi.

Madai huangukia sana kwenye ugonjwa wa zamani. Kampuni hupekua rekodi zako za siku 60 hadi 180 kabla ya kununua bima, na hata kubadilishiwa dozi ya presha huhesabika. Mikataba mingi hukuondolea kikwazo hicho ukinunua ndani ya siku 14 hadi 21 tangu ulipie safari kwa mara ya kwanza, mradi siku hiyo uwe na afya ya kusafiri.

Kimbunga kikishapewa jina, umechelewa kununua. Umebadili mawazo tu? Hulipwi, labda uwe na nyongeza ya kughairi kwa sababu yoyote, nayo hurudisha asilimia 50 hadi 75. Na ukiteleza kwenye ngazi umelewa, hiyo bili ni yako.