Namna ya kupima mshahara wako wa hoteli na kima cha chini cha Zanzibar

1. Shika karatasi ya huku Zanzibar, yaani tangazo la kima cha chini la huku. Kazi na ajira si jambo la Muungano, kila upande una sheria yake. Tangazo la mishahara ya kisekta la Tanzania Bara lililoanza Januari 2023 bado linazunguka kwenye magrupu ya WhatsApp, lakini halimfungi mwajiri wa Nungwi wala wa Chake Chake. Huku inatumika Sheria ya Ajira Namba 11 ya 2005 pamoja na tangazo la kima cha chini la Zanzibar. Ulizia la karibuni Kamisheni ya Kazi. Ukienda kudai na karatasi ya Bara, meneja atakurejesha nayo, na kwa hilo ana haki.

2. Tenga mshahara wa msingi. Kwenye slipu, weka kando sevisi chaji, tipu na posho ya nauli. Hapa ndipo ujanja ulipo: unatajiwa jumla. Msimu ukiwa juu jumla inapendeza. Masika yakiingia, wageni wa Paje na Jambiani wakipungua, unabaki na msingi mtupu.

3. Kibarua, angalia kigawanyo. Tangazo likitaja kiwango cha siku, fuata hicho. Kama hesabu inatoka kwenye mwezi na unafanya kazi siku sita kwa wiki, mwezi una siku 26 za kazi. Tuseme ni shilingi 312,000: ukigawa kwa 26 unapata 12,000 kwa siku, bosi akigawa kwa 30 unapata 10,400. Shilingi 1,600 zimepotea kila siku, na hakuna aliyekukata kitu.

4. Linganisha msingi wako na kima cha chini kabla ya makato, kisha fuatilia michango yako ZSSF, Mfuko wa Hifadhi ya Jamii Zanzibar. Asilimia 7 ni yako, na mwajiri anaongeza sehemu yake, kubwa kuliko yako. Kwenye 400,000 yako ni 28,000 kila mwezi. Slipu kuonesha makato haina maana kwamba pesa zimefika. Omba taarifa ya michango ZSSF kwenyewe. Mwajiri akikukata na sehemu yake, anakula chako.

5. Uliza kama pana mkataba wa hali bora, yaani makubaliano ya pamoja ya mishahara na masharti ya kazi, uliofungwa baina ya mwajiri na chama cha wafanyakazi. Mara nyingi una viwango vya juu kuliko tangazo, na wengi wanaohusika nao hawajawahi kuuona.

6. Pakiwa na upungufu, andika barua: mwezi, ulicholipwa, ulichostahiki, tofauti. Ambatisha nakala za slipu, mkataba na ujumbe wa malipo kwa simu. Ipelekwe kwa mwajiri na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Akinyamaza, ichukue Kamisheni ya Kazi. Katikati ya hayo usisaini karatasi yoyote inayosema umelipwa stahiki zako zote, hata ukiambiwa ni ya kumbukumbu tu.