SOMO: Kumkalisha mtu mmoja mezani na nafsi yake

Wakuu, mwaka 1943 Maya Deren na mumewe Alexander Hammid walipiga filamu ya kama dakika 14 nyumbani kwao Los Angeles, Meshes of the Afternoon. Mwanamke anasinzia kitini, na ndoto inamzaa yeye yuleyule tena na tena, hadi wako watatu mezani, kila mmoja kwa zamu anaokota ufunguo. Wa tatu anafunua kiganja: cheusi, na ufunguo umekuwa kisu.

Enzi hizo, ili mtu mmoja aonekane mara mbili kwenye picha moja, ulikuwa unaziba sehemu ya lenzi, unarudisha filamu nyuma, unapiga tena. Sisi tuna simu: mwigizaji anakaa upande mmoja wa meza, raundi ya pili anahamia upande wa pili, kisha tunaunganisha.

1. Simu iwe kwenye stendi, rekodi moja ndefu bila kuigusa. Mimi niliwahi kubonyeza tu kusimamisha, meza ikahama kidogo. Siku nzima ikaenda na maji.

2. Funga fokasi na mwanga, simu isivibadilishe yenyewe. Dirisha usiliamini: wingu likipita, upande mmoja wa meza ni saa nne asubuhi, mwingine saa kumi jioni.

3. Gawa meza kwa chaki. Mkono usivuke mstari, wala kivuli.

4. Macho. Hapa ndipo wengi wanaanguka. Weka chupa ya maji kwenye urefu wa kichwa cha "mwenzake", mwigizaji aitazame chupa, itakatwa baadaye. Mtu ahesabu kwa sauti, moja hadi ishirini, kila raundi kwa mwendo uleule: saba anainua uso, kumi na moja anaona ufunguo. Na tafadhali msimvalishe wa pili nguo nyeusi awe "pacha mbaya". Nguo zifanane. Kinachotisha ni kwamba mmoja wao anajua jambo.

5. Kwenye kuhariri, pandanisha klipu, weka maski (kificho cha sehemu ya picha) kwenye mstari wa chaki, lainisha ukingo.

MASWALI

— Mkuu, nikitaka ampe ufunguo mkononi?
Asimpe. Auweke mezani, kata, onyesha ufunguo kwa karibu, mkono mwingine uuokote.

— Simu yangu haifungi mwanga.
Piga usiku, taa moja, mapazia yameshushwa.

— Sauti je? Hesabu si itasikika?
Itupe yote. Hata filamu ya Deren ilikuwa bubu, muziki wa mtunzi Teiji Ito uliingia 1959.

— Nimejaribu, ila wa kushoto anaonekana kama anatazama ukuta.
Chupa yako fupi mkuu. Ipandishe juu ya ndoo.