Vitofali vya mbao vya kuchezea: namna ya kuvikata vioane

Mnara ukiyumba kabla ya kitofali cha nane, mtoto hajui kwamba fundi amekosea kipimo. Anaona yeye ndiye hawezi, anaacha. Kwa hiyo familia inayoanzisha karakana ya vichezeo ianze na milimita; rangi na mapambo si kazi ya kwanza.

Kipimo kizuri ni unene milimita 35, upana 70, urefu 140: unene mara mbili ni upana, upana mara mbili ni urefu. Uwiano huu ulienezwa na Caroline Pratt, mwalimu aliyeanzisha shule New York mwaka 1914, na bado unatumika hadi leo.

Mkienda Keko, Dar es Salaam, kutafuta mbao, chukueni paini, inchi mbili kwa nne ya futi 12. Yenye ukijani iacheni hapohapo. Hiyo ni ya kupaulia, imetiwa dawa ambayo inaweza kuwa na aseniki, na kitofali lazima kitaingia mdomoni. Mninga unapendeza, lakini ni mzito na unga wake huwakera wengi kifuani.

Msikate mbao mbichi. Ipangeni kivulini juu ya vijiti ili hewa ipite chini na juu, kisha pimeni kipande kilekile kila wiki kwa mizani ya jikoni. Uzito ukibaki uleule wiki mbili mfululizo, mbao iko tayari. Wakati wa masika subira iongezeke. Sababu ni hii: mbao husinyaa upana na unene, urefu karibu haubadiliki. Kitofali kilichokatwa kibichi hupoteza uwiano kikiwa tayari mikononi mwa mtoto.

Randa hadi unene wa 35, pasua upana wa 70. Ukanda unaobaki pembeni msiutupe: urandeni hadi 17.5, upana 35, mkate vibao vya madaraja na mapaa. Viwili vikilaliana ni unene wa kitofali kimoja.

Kukata urefu ndiko kunakoharibu kazi nyingi. Usipime kila kipande kwa tepu, kwani kosa la nusu milimita likirudiwa mara kumi linakuwa milimita tano. Funga kizuizi imara kwenye meza ya msumeno, sukuma mbao mpaka ikiguse, kata. Unga wa mbao hujikusanya hasa pale kwenye kizuizi. Ukibaki hapo, kila kipande kinachofuata kinatoka kifupi. Kata pembe ya chini ya kizuizi ili unga upate pa kuingia, na ufagie kwa brashi kila baada ya kipande.

Kwa kitofali kirefu cha 280, panga vitofali viwili vilivyokwisha kukatwa kati ya meno ya msumeno na kizuizi, ndipo ufunge. Kwa nusu, kata viwili vya majaribio, viweke kando ya kizima, upitishe ukucha mwishoni. Ukucha ukikwama, rekebisha. Mbao moja hutoa vizima 10, nusu 8 na virefu 4, na hubaki karibu nusu mita ya kukwepa vifundo.

Msasa ulale kwenye kigae bapa, kitofali ndicho kisogee. Ukisugua kwa kuushika mkononi, uso unakuwa na mgongo. Anza namba 80, kisha 120. Futa kwa kitambaa chenye maji, vinyweleo visimame, kikauke, malizia 180. Kingo zilainishwe milimita 2 tu.

Yeyusha gramu 50 za nta ya nyuki na gramu 200 za mafuta ya nazi, chombo kikiwa ndani ya sufuria ya maji moto, kamwe si juu ya moto wenyewe. Mafuta ya alizeti yaacheni, hunata. Pakeni kidogo, mfute.

Madirisha na herufi msichore. Kitofali kitupu leo ni daladala, kesho ni kivuko cha Kigamboni. Na kwa walio chini ya miaka 3, kipande chochote kinachopita kwenye tundu la milimita 31.7 kitolewe.

Fungasheni kwenye mfuko wa kitenge. Katika plastiki, kwa unyevu wa Dar, vitaota ukungu.