Jinsi ya kusoma kazi za David Held kuhusu demokrasia ya dunia
Anza na Models of Democracy, kitabu cha 1987 cha Held, mwanazuoni Mwingereza wa siasa, kinachofuatilia aina za demokrasia tangu Athens ya kale, kwani bila msingi huo hoja zake za baadaye huonekana kama ndoto. Kisha soma Democracy and the Global Order (1995) taratibu, ukijiuliza katika kila sura ni nani anayeathiriwa na uamuzi fulani, na iwapo ana sauti ndani yake. Kwangu mimi, hicho ndicho kiini cha kazi yake. Lipime swali hilo kwa Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa, ambamo nchi 5 zina kura ya turufu, halafu kwa Bunge la Ulaya, linalochaguliwa moja kwa moja na wananchi tangu 1979. Usidhani anataka serikali moja ya dunia. Anapendekeza ngazi kadhaa za mamlaka, zote zikiwa chini ya sheria.