Mchezaji wa uwanja wa nje: njia ya kutoka besiboli ya ridhaa hadi kusajiliwa kulipwa

Vijana wengi ninaowafundisha kucheza uwanja wa nje huja na hamu moja, kupiga mpira uvuke ukuta. Sina ugomvi na hamu hiyo, na nitaifikia. Ila msaka vipaji akishaketi jukwaani na saa yake mkononi, huanza kukusoma kabla hujashika gongo: unavyokimbilia nafasi yako, unavyorusha wakati wa kupasha misuli, mguu unaotangulia mpira ukipigwa upande wako. Nafasi hii niliipenda nikiicheza, nikaipenda zaidi nilipoanza kuifundisha, na huniuma kuona kijana mwenye mbio na mkono akipitwa kwa sababu hakuna aliyemwambia kinachotazamwa. Haya ndiyo ninayowaambia wanafunzi wangu.

Cheza katikati kadiri miguu inavyokubali

Uwanja wa nje, yaani eneo la nyuma lililo mbali na mpigaji, una nafasi tatu: kushoto, katikati na kulia. Omba katikati, na usiiachie upesi. Anayeimudu katikati anaweza kuhamishiwa pembeni siku yoyote, lakini wa pembeni ni nadra kupelekwa katikati. Tena timu za kulipwa humdai mchezaji wa pembeni gongo zito zaidi, kwa kuwa wa aina yake wapo tele. Kulia kunataka mkono wenye nguvu kuliko wote, kwani kutoka huko hadi besi ya tatu, kituo cha tatu kati ya vinne anavyopitia mkimbiaji, ni mbali. Kushoto ndiko huwekwa mwenye mkono hafifu, na hapo asipopiga hana pa kujificha.

Kevin Kiermaier alichaguliwa na timu ya Tampa Bay katika raundi ya 31 ya drafti (zoezi la timu kuchagua wachezaji wapya kwa zamu) ya mwaka 2010, akitoka chuo cha miaka miwili. Raundi ya 31 palikuwa mahali ambapo majina yalisomwa na kusahaulika. Yeye alicheza Ligi Kuu ya besiboli ya Marekani (MLB) zaidi ya miaka kumi na kutwaa Glavu ya Dhahabu, tuzo ya mlinzi bora wa nafasi yake, mara nne, na kilichomfikisha huko hasa ni jinsi alivyolinda katikati.

Na kama wewe ni mchezaji wa ndani, yaani unayelinda karibu na besi, na kocha anataka kukupeleka nje, kubali. Mookie Betts alichaguliwa na Boston mwaka 2011 akiwa mchezaji wa ndani. Mwaka 2014 nafasi yake ya besi ya pili tayari ilikuwa na mwenyewe, akapelekwa uwanja wa nje. Mwaka 2018 alikuwa mchezaji bora wa ligi yake.

Hatua ya kwanza

Hapa nitakaa kidogo, maana hapa ndipo wengi hupotea.

Mrushaji anapotupa, usikutwe umesimama na mikono magotini. Sogea hatua ndogo mbili mbele, na mpira unapofika kwa mpigaji uwe ndiyo kwanza unatua kwenye vidole vya miguu, magoti yamekunjwa. Mwili ulio tayari kwenye mwendo huondoka upesi kuliko uliosimama. Mpira ukipaa juu ya kichwa chako, usirudi kinyumenyume hata hatua moja ya ziada. Fungua nyonga upande unaoelekea mpira, vusha mguu wa pili, kisha kimbia hasa, mikono ikisaidia mbio. Glavu hunyooshwa mwishoni kabisa. Anayekimbia ameinyoosha glavu mbele tangu mwanzo hupoteza mwendo, na msaka vipaji huliona hilo mara moja. Kimbia kwa vidole, si kwa visigino. Ukitua kwa visigino macho hurukaruka na mpira huonekana unacheza angani.

Mpira mgumu kuliko yote ni ule ulionyooka sawasawa kuja usoni kwako. Hauna pembe ya kuusoma, hujui kama unazama au unapaa. Geuza bega ubavu kidogo badala ya kuukabili kifua wazi, nao utaanza kukuonyesha kimo chake. Ukishindwa kuamua, egemea nyuma. Mpira ukidunda mbele yako, mpigaji anabaki besi ya kwanza. Ukipita nyuma yako, anakwenda hadi ya tatu.

Tangu mwaka 2015 Ligi Kuu hupima mambo haya kwa mitambo ya Statcast. Kwa mchezaji wa nje hutazamwa sekunde tatu za mwanzo: alivyoondoka katika sekunde moja na nusu ya kwanza, alivyoongeza kasi katika sekunde moja na nusu iliyofuata, na kama njia aliyoichukua ilikuwa sahihi. Kwa hiyo ninapokuambia hatua ya kwanza, sikupi hekima za wazee. Inapimwa, inaandikwa, na inalipwa.

Namna ya kuifanyia kazi ni hii. Mipira anayopiga kocha kukutafutia mazoezi ni mizuri kwa miguu, lakini haikufundishi kusoma gongo, kwa sababu unajua inakuja wapi. Wenzako wanapofanya mazoezi ya kupiga, simama katikati na umcheze mpigaji mmoja mzima kana kwamba ni mechi, kila mpira, hata ule usioweza kuufikia. Kisha pumzika, uchukue mwingine. Wengi huutumia muda huo kupiga soga karibu na ukuta, na hayo ndiyo mazoezi bora kuliko yote wanayoyatupa. Sikiliza na mlio pia: mpira uliokaa vizuri kwenye gongo la mbao hulia mkavu, uliogonga ncha au shingo ya gongo hulia butu na kuanguka mbele.

Kabla ya mechi tembea hadi ukutani, uhesabu hatua zako kwenye ukanda wa udongo unaouzunguka uwanja, urushe mpira ukutani mara kadhaa uone unavyorudi. Jua likiwa machoni, kinga kwa glavu na utazame mpira kwa pembeni. Na sema! Mlinzi wa katikati ndiye mkubwa wa uwanja wa nje. Akidai mpira kwa sauti, wengine wote wanaachia. Vilevile anayekuja mbele ana haki kuliko mchezaji wa ndani anayerudi nyuma, kwa sababu yeye anauona mpira na uwanja wote kwa pamoja.

Kuna kazi isiyoandikwa kwenye takwimu. Mpira wa chini ukienda kwa mchezaji wa ndani, mlinzi wa kulia hukimbia kwenda nyuma ya besi ya kwanza, iwapo mrusho utapotea. Mara nyingi haupotei, naye anarudi bure. Kimbia hata hivyo. Ninawajua wasaka vipaji ambao hulitazama hilo tu kwa inningi nzima, yaani kipindi kizima cha mechi.

Mkono na mbio

Udake mpira ukiwa nyuma yake na mwili ukisonga mbele kuelekea unakotaka kurusha, uruke hatua moja fupi ya kujipanga, ndipo uachie. Vidole viwili vikae kukatiza mishono ya mpira ili uruke umenyooka bila kupinda. Lenga kifua cha mwenzako aliyesimama katikati ya njia kuunganisha mrusho: akiuacha upite, utafika besini kwa mdundo mmoja, akiukata, anaweza kumnasa mkimbiaji mwingine. Mrusho mrefu wa juu hupigiwa makofi na jukwaa, huku wakimbiaji wakisogea besi moja bure.

Nguvu ya mkono hujengwa kwa kurusha umbali unaoongezeka pole pole, wiki kwa wiki. Bega likiuma, acha. Kijana ambaye mifupa yake bado inakua hana mashindano hata moja yanayostahili kurushiwa akiwa na maumivu, na mzazi ana haki ya kumwambia kocha hivyo mbele ya watu wote.

Mbio hupimwa kwa yadi 60, yaani karibu mita 55. Kwa mchezaji wa nje, sekunde 6.7 au pungufu huwafanya watu waangalie saa tena. Hupimwa pia kutoka besi ya nyumbani hadi ya kwanza, ambako wastani wa Ligi Kuu ni kama sekunde 4.3 kwa apigaye upande wa kulia na 4.2 kwa wa kushoto. Kuondoka vizuri kunafundishika, na kocha wa riadha atakusaidia kuliko mimi.

Gongo

Sasa ile hamu. Mpira wa kilomita 145 kwa saa humfikia mpigaji kwa takriban sekunde 0.4. Ndani ya muda huo unatakiwa kuona, kuamua na kuzungusha gongo. Kwa hiyo kinachomtenga mpigaji wa kweli na mwenye misuli ni mipira anayoiacha ipite. Yafundishe macho yako eneo la straiki, yaani lile ambamo mrusho huhesabiwa mzuri hata usipoupiga, mpaka ulijue lilipo bila kufikiri. Juan Soto alianza msimu wa 2018 akiwa ligi ya ngazi ya chini, na mwezi Mei alikuwa Washington, Ligi Kuu, akiwa na miaka 19. Nguvu anayo, lakini warushaji walimwogopa kwa sababu alikataa kuukimbilia mpira mbaya.

Pata gongo la mbao mapema. Shuleni na vyuoni Marekani hupigwa kwa magongo ya chuma, lakini wa kulipwa hutumia mbao tu, na mbao haisamehi mpira uliogonga karibu na mikono. Ndiyo maana ligi ya kiangazi ya Cape Cod, inayochezwa na wanavyuo kwa magongo ya mbao, hufuatiliwa sana na wasaka vipaji.

Kuonekana

Wasaka vipaji huandika alama kutoka 20 hadi 80 kwa mambo matano: kupiga kwa uhakika, kupiga kwa nguvu, mbio, kulinda na kurusha. Alama 50 ni wastani wa Ligi Kuu, si wastani wa shule yenu. Kijana huandikiwa mbili, ya leo na ya baadaye, kwa hiyo usivunjike moyo ukiandikiwa 30 leo. Wanatazama mwili wako utakavyokuwa na namna unavyojifunza.

Video iwe fupi, bila muziki wala madoido: kupiga ukionekana kwa ubavu na kwa mbele, mirusho kutoka kulia kwenda besi ya tatu, na mbio zisizokatwa. Usilipie kila maonyesho ya vipaji unayoalikwa. Mengi ni biashara. Nenda kwa yale ambayo makocha wa vyuo unavyovitaka wamekuambia watakuwepo.

Mlango wa kuingilia

Drafti ya Ligi Kuu ni ya wakazi wa Marekani, Kanada na Puerto Rico. Tangu 2021 ina raundi 20 na hufanyika Julai. Unaweza kuchaguliwa ukimaliza sekondari kabla ya kuingia chuo. Ukiingia chuo cha miaka minne, unasubiri umalize mwaka wa tatu au ufikishe miaka 21. Chuo cha miaka miwili hakina kungoja huko. Kila nafasi katika raundi kumi za mwanzo imepangiwa thamani ya bonasi, yaani fedha ya kusaini, na timu ina fungu lake la jumla, kwa hiyo kuna mazungumzo. Tafuta mshauri anayeijua kazi hii, na umuulize mapema sheria za vyuo kuhusu mawakala, usije ukapoteza haki yako ya kucheza chuoni.

Wazazi huniuliza kama kukataa mkataba ni wazimu. Aaron Judge alichaguliwa na Oakland mwaka 2010 katika raundi ya 31, akakataa, akaenda Fresno State. Mwaka 2013 Yankees walimchukua akiwa wa 32 kati ya wote, na mwaka 2022 akapiga homurani 62, yaani mipira ya kuvuka ukuta. Maoni yangu ni haya: kama bonasi haiwezi kubadilisha maisha ya nyumbani kwenu na mwili bado unakua, nenda chuoni. Ukisaini, hakikisha gharama za masomo ya baadaye zimeandikwa kwenye mkataba.

Kwa wanaoishi nje ya nchi hizo, kama Jamhuri ya Dominika na Venezuela, mlango ni usajili wa kimataifa. Hufunguliwa 15 Januari, na umri huanzia miaka 16. Bonasi haitabiri mwisho wako. Soto alisaini mwaka 2015 kwa dola milioni 1.5, Ronald Acuña Jr. alisaini na Atlanta mwaka 2014 kwa dola 100,000. Wote wawili waliingia Ligi Kuu 2018, na tuzo ya mchezaji bora mpya wa ligi yao mwaka huo ilikwenda kwa Acuña.

Ukishasaini

Utaanzia timu za kambi ya mazoezi au Single-A, kisha High-A, Double-A na Triple-A, ngazi za ligi ndogo zinazopanda kuelekea Ligi Kuu. Mkataba wa wachezaji wa ligi ndogo wa mwaka 2023 uliweka kima cha chini cha dola 35,800 kwa mwaka Triple-A, na ngazi za chini hupata pungufu, kwa hiyo bonasi isiliwe mwaka wa kwanza. Mechi ni karibu kila siku, safari za basi ni ndefu. Usingizi na chakula ni sehemu ya mazoezi. Kuwa na daftari: kila mrushaji uliyemkabili, alianza na mpira gani, alikumaliza na upi, maana utakutana naye tena ndani ya wiki. Wakikuambia ucheze kushoto wiki hii, cheza, ila endelea kuchukua mipira ya mazoezi ukiwa katikati. Msimu ukiisha, upe mkono wiki kadhaa bila kurusha kabisa, kisha anza upya kwa mita 15, siku moja ndiyo siku moja siyo.