Leseni Unayo, Ila Umezuiwa Kufanya Biashara: Jinsi ya Kuomba Zuio la Mahakama

Mwenye nyumba kabadilisha kufuli. Jirani kamwaga lori la mchanga kwenye njia ya wateja. Mtendaji wa kata kaja na mgambo, kasema funga. Machoni pa mfanyabiashara yote ni yale yale, lakini kila moja lina njia yake mahakamani. Zuio ni amri ya mahakama inayomtaka anayekuzuia aache. Utaratibu ufuatao wa kuliomba ndio ninaoutumia kwa wateja wangu Tanzania Bara.

1. Kagua leseni kabla ya kumlaumu mtu. Angalia tarehe, jina, aina ya biashara na eneo. Leseni ya Kariakoo haikusaidii ukiwa na duka Sinza. Imekwisha muda? Ihuishe kwanza, maana hilo ndilo swali la kwanza la wakili wa upande wa pili.

2. Jua anayekuzuia ni nani. Akiwa mtu binafsi au kampuni, fungua kesi ya madai, kisha ndani yake uombe zuio la muda chini ya Amri ya 37 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai (Sura ya 33). Zuio hilo huegemea kesi ya msingi. Halisimami peke yake.

Akiwa ni halmashauri au wizara, mambo hubadilika. Unatakiwa utoe notisi ya siku 90, umuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na kesi uifungue Mahakama Kuu. Siku 90 duka limefungwa! Ndiyo maana mawakili hukimbilia maombi ya Mareva, yanayoomba hali iliyopo isiguswe wakati notisi inahesabiwa. Kama kinachokuumiza ni uamuzi wenyewe, mfano kufutiwa leseni bila kusikilizwa, mapitio ya mahakama, yaani jaji kupima uhalali wa uamuzi wa mamlaka, ndiyo njia bora zaidi: omba kibali ndani ya miezi 6, na umwombe jaji aelekeze kibali hicho kisimamishe uamuzi.

3. Pata katazo kwa maandishi. Amri ya mdomo hukanwa asubuhi inayofuata. Ofisa akikataa kuandika, mwandikie wewe: "Leo saa nne ulifika dukani na kuniamuru nifunge, naomba sababu." Nakala yako igongwe muhuri masjala ya ofisi yake.

4. Andika hati ya kiapo. Maombi mengi hufia hapa. Kiapo ni mahali pa matukio, si pa hoja wala malalamiko. "Mjibu maombi ana roho mbaya na anavunja Katiba" itapingwa na kufutwa. "Tarehe 3 alifunga geti kwa mnyororo, magari mawili ya mzigo yakarudi" itabaki. Ulichoambiwa na mtu, mtaje aliyekuambia. Kisha uape mbele ya kamishna wa viapo, na tarehe na mahali viandikwe.

Kumbuka vigezo vitatu vya kutoa zuio, kutoka kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe (1969): kuna jambo zito la kuamuliwa na dalili za kushinda; utapata madhara yasiyofidika; na wewe ndiye utakayeumia zaidi zuio likikosekana. Cha pili ndicho kigumu. Wateja wangu hupenda kuleta daftari la mauzo, hasara imejumlishwa mpaka shilingi ya mwisho. Hasara inayohesabika hivyo hulipika kwa fidia, na hakimu atakuambia hivyo. Onyesha kisicholipika: mkataba wa ugavi unaokaribia kuvunjwa, wateja wa miaka wanaohamia kwa mwingine, jina linaloharibika.

5. Ambatanisha hati ya dharura, inayoeleza kwa nini maombi hayawezi kusubiri, kisha yasajili kwenye mfumo wa mtandaoni wa Mahakama. Unaweza kuomba usikilizwe upande mmoja, ila eleza kwa nini kumsubiri mwenzako kutaua maombi. Usifiche kodi unayodaiwa. Ikigundulika, zuio hufutwa.

6. Amri ikitoka, mpelekee anayekuzuia haraka na utunze uthibitisho wa kupokelewa. Usivunje kufuli mwenyewe. Akikaidi, rudi mahakamani: mali yake inaweza kukamatwa, naye kufungwa kama mfungwa wa madai, si wa jinai. Zuio la Amri ya 37 hudumu hadi miezi 6 na huongezwa kwa maombi, jumla isizidi mwaka mmoja, kwa hiyo peleka maombi ya nyongeza kabla muda haujaisha.