SOMO: Daftari la usafi wa kambi kwa vikundi vya kupanda mlima

Wakuu, hili la namna ya kuandika vitu vinavyoingia kambini na taka zinazotoka limeulizwa mno. Someni kwanza, ndipo muulize.

1. Daftari la jalada gumu na penseli. Wino ukinyeshewa unasambaa.

2. Mwandishi awe mmoja safari nzima.

3. Maboksi yabaki nyumbani. Unga, mchele na sukari vihamie kwenye makopo au mifuko ya kitambaa. Ile ya plastiki Tanzania ni marufuku tangu 1 Juni 2019.

4. Hapa ndipo vikundi vingi huharibu. Wanapima taka siku ya kushuka, wanaandika "kilo 6", basi. Namba hiyo haisemi kitu: karatasi zilizolowa na mabaki ya ugali ni mazito, hivyo waliotupa makopo porini wanaweza kushuka na kiroba kizito kuliko wasiotupa. HESABUNI VIPANDE, kwa aina. Mfano: "Makopo ya maharage: yameingia 8, yametoka 8. Pakiti za biskuti: 24, 21." Hizo 3 zitafutwe kabla ya kuhama kambi, siyo getini. Kila asubuhi, vilivyojaa ukijumlisha na vitupu vilingane na vilivyoingia. Kilo pimeni pia, maana Kilimanjaro taka hupimwa getini, ila kavu peke yake, mabaki peke yake, na uzito wa kiroba utolewe.
TAHADHARI: pakiti ichanwe bila kung'oa ile pembe ya juu. Ikidondoka kwenye nyasi huioni tena, na hesabu bado itaonyesha pakiti imetoka.

5. Gesi: pima mtungi kabla na baada, tofauti ndiyo mliyotumia.

6. Pasipo na choo: shimo sm 15–20, mita 60 au zaidi kutoka kwenye maji. Andika idadi ya mashimo.

7. Picha ya kambi kabla na baada, ukisimama palepale.

MASWALI

– Mkuu, kwa hiyo tupime kilo tu pale getini?
– Rudi namba 4.

– Naomba fomu iliyo tayari.
– Safu nne: tarehe, kitu, kimeingia, kimetoka. Rula unayo.

– Maganda ya ndizi nayo? Si yanaoza?
– Swali zuri. Kwenye baridi ya juu yanaoza taratibu mno, na kunguru na panya wakishazoea kambi hawaondoki. Ndizi 30 zikiingia, maganda 30 yatoke. Yaanike juani kwanza. Uzito unashuka sana na harufu inapungua. Ndoo iwe na mfuniko.

– Betri za tochi zinatuvuruga. Baridi inaziua, hatujui ipi imeisha.
– Nyingi hazijafa, zimepoa tu. Lala nazo ndani ya begi la kulalia, asubuhi zijaribu tena. Iliyoisha kweli ifunge utepe hapohapo, ndipo uiandike.